Muziki unaweza kufunika mngurumo wa jenereta kwenye filamu?

Mshika_Kamera_Mwanza: Shikamooni wakubwa. Tumeshuti filamu fupi, sasa nahariri. Sini ya mama na binti wakigombana jikoni ina mngurumo wa jenereta la dukani kwa jirani, na friji nayo ilikuwa inawaka. Nikikata kutoka uso wa mama kwenda wa binti, mngurumo unaruka, mara mkubwa mara mdogo. Mtayarishaji anataka tupige muziki wa huzuni juu yake. Itasaidia?

Fundi_Sauti_Ilala: Marahaba mdogo wangu. Usikubali, nakuomba. Jenereta linanguruma chini, kwenye besi. Maneno yanaeleweka kwa herufi kama s, t na k, ambazo zinasikika juu, kuanzia kama kilohezi 2, yaani mitetemo 2,000 kwa sekunde (hezi moja ni mtetemo mmoja kwa sekunde). Fidla ya huzuni itakaa hapohapo penye herufi hizo. Kwa hiyo utaua maneno na jenereta utaliacha.

Kata masafa ya chini, yaani besi hiyo. Wanaosema ni wanawake, unaweza kukata yote yaliyo chini ya hezi 120 na sauti zao zisidhurike. Kisha rudi jikoni kule, jenereta na friji vikiwa vinawaka, watu wanyamaze, urekodi chumba kitupu kwa dakika moja kwa maiki ileile. Utandike ukimya huo chini ya sini nzima bila kuukata. Sikio likishauzoea, miruko haisikiki tena. Mimi siondoki mahali pa kushuti bila dakika hiyo, hata mwongozaji akinuna.

Na siku nyingine, kabla ya kushuti, friji huzimwa. Weka funguo za gari ndani yake, hutaondoka bila kuiwasha tena. Mafundi wengi wa sauti duniani hufanya hivyo, na nyama ya mwenye nyumba inapona.

Binti_wa_Pangani: Kaka, mwambie pia kuhusu sufuria. Mama kwenye ugomvi lazima abamize kitu.

Fundi_Sauti_Ilala: Umenena dada. Mlio wa sufuria umo kwenye maiki moja na maneno ya mama. Siku filamu ikiingizwa Kifaransa, wataondoa maneno, na sufuria litaondoka nayo. Mama atabamiza kimyakimya. Ndiyo maana wanunuzi wa nje hudai muziki na milio kwenye faili lisilo na maneno. Milio hiyo hurekodiwa upya studioni, mtu akitazama picha na kutembea kwa ndala zilezile. Kazi hiyo huitwa foli, kwa jina la Jack Foley wa studio za Universal kule Marekani. Ukiwa na sufuria na chumba chenye magodoro ukutani, unaifanya mwenyewe.

Mshika_Kamera_Mwanza: Asante sana kaka. Basi mtunzi wa muziki nimwambie nini?

Fundi_Sauti_Ilala: Mpe sini ikiwa imeshasafishwa, asitunge akisikiliza jenereta. Ugomvi wote auache mtupu. Muziki uingie pale binti anapotoka nje na hakuna tena anayesema.