Naomba ushauri: kijana wangu wa mbio za magari abaki Hickory au apande ARCA?

Wakuu habari. Tunaishi North Carolina, kijana wangu ana miaka 19, anaendesha Late Model (aina ya gari la mbio za viwanja vidogo) kwenye uwanja wa Hickory. Kazi anaijua: kila tairi anapima mzunguko wake kwa futi kamba, za kulia ziwe kubwa kidogo ili gari likunje kushoto vizuri. Sasa anataka kupanda ARCA (mashindano ya ngazi ya juu zaidi), na kule bila mdhamini huendi popote. Mimi namtajia dereva Richie Evans, aliyebaki kwenye Modified (aina nyingine ya magari ya mbio) akachukua ubingwa wa daraja hilo wa NASCAR, chama cha mbio za magari Marekani, mara 9. Ila Evans alifia mazoezini kwenye uwanja wa Martinsville mwaka 1985, hilo linaninyima usingizi.

Mliopitia huku, mdhamini wa kwanza mlimpataje? Na chuo aendelee nacho au asimamishe kwanza?