Naomba ushauri: nikubali kushuka mshahara ili niwe mwongozaji wa kipindi cha mazungumzo?

Mleta mada
Habari zenu wakuu. Nina miaka 6 nikiendesha kamera katika kipindi cha mazungumzo kinachorushwa mubashara kila wiki, na nia yangu ni kuwa mwongozaji, yule anayeamua picha ya kamera ipi iende hewani. Hivi karibuni mwongozaji wetu aliugua, nikakalishwa kwenye kiti chake kwa kipindi kimoja. Mambo yalikwenda vizuri mpaka mgeni, mama aliyefiwa na mwanawe, aliponyamaza ghafla. Nikadhani kimya kile ni kasoro, nikaita kamera ya 2, na machozi ya yule mama yakadondoka huku watazamaji wakimwona mtangazaji akipekua karatasi zake. Mtayarishaji hakunigombeza, ila ananishauri nianze kama mwongozaji msaidizi, ambaye kazi yake kubwa ni kuhesabu muda, kwa mshahara mdogo kuliko ninaopata sasa. Nikubali, au nibaki na kamera yangu nikisubiri kiti kiwe wazi?

Mchangiaji 1
Kubali. Mwongozaji msaidizi hukaa bega kwa bega na mwongozaji, na kwa kuwa macho yake yako kwenye saa, hulazimika kuyafuata mazungumzo kwa masikio. Hilo ndilo ulilokosa siku ile. Miaka yote hii umekuwa ukilinda fremu moja, yako, ilhali mwongozaji hutazama skrini zote kwa pamoja na bado humsikia mgeni akivuta pumzi kabla ya kujibu.

Mchangiaji 2
Mimi naafiki nusu tu, kwani mshahara ukishashuka haupandi kirahisi. Omba iandikwe ni vipindi vingapi utakavyoongoza ndani ya mwaka, na lini utapimwa. Nilimfahamu msaidizi aliyehesabu sekunde kwa miaka 9 kwa sababu alizihesabu vizuri mno. Hakuna aliyetaka kumtoa pale.

Mchangiaji 3
Phil Donahue, mtangazaji wa Marekani, alipoanza kipindi chake cha mazungumzo huko Dayton, Ohio, mwaka 1967, aliona kwamba waliohudhuria studioni walikuwa na maswali mazuri kuliko yake, akawa anawafuata na maikrofoni vitini mwao. Hebu fikiria kazi ya aliyekuwa akiongoza kamera: hajui nani atazungumza mpaka mtu huyo afungue mdomo. Mpangilio wa picha ulioandikwa mapema hauwezi kukuokoa hapo. Wakati ukiamua, chukua rekodi ya kipindi chenu, funika skrini, usikilize sauti peke yake, na ugonge meza kila unapodhani picha ibadilishwe. Kisha ifunue ulinganishe.

Mleta mada
Nawashukuru nyote. Nimeisikiliza rekodi ya siku ile bila picha, na kweli, kabla ya kimya kile sauti ya yule mama inapungua katika maneno matatu ya mwisho, kisha anameza mate. Siku ile sikuyasikia hayo, kwa sababu nilikuwa nikimhimiza mwenzangu wa kamera ya 3 arekebishe umbali. Kesho nitamwona mtayarishaji, nikiwa na barua ya masharti aliyoyataja Mchangiaji 2.