K.P.S. Gill wa Punjab: alitumia mbinu gani, na mahakama ziliamua nini?

Mdadisi_Tanga:
Wakuu, naomba ufafanuzi kuhusu K.P.S. Gill, aliyekuwa mkuu wa polisi wa jimbo la Punjab, India. Wengine wanamwita mkombozi, wengine muuaji. Ilikuwaje ofisa wa Assam akapewa Punjab? Operesheni ya Hekalu la Dhahabu ilifanyikaje? Na alitiwa hatiani kwa kesi ipi hasa? Nahitaji tarehe na hoja, ushabiki hapana.

Daftari:
Mkuu, tuanze na mfumo. Maofisa wa juu wa polisi India huajiriwa na serikali kuu kwa mtihani wa taifa, kisha hupangiwa jimbo. Serikali kuu hiyo hiyo inaweza kumwazima ofisa kwenda jimbo jingine. Gill aliingia kazini 1958 na kupangiwa Assam. Utata ulimwanzia huko huko: alishtakiwa kuhusu kifo cha mwandamanaji aliyepigwa na polisi, Mahakama Kuu ya Delhi ikamwachia. Punjab alifika 1984. Aliongoza polisi wa jimbo kuanzia 1988 hadi 1990, akarudishwa Novemba 1991, akastaafu mwisho wa 1995.

Kuhusu hekalu, usiielewe 1988 bila 1984. Juni 1984 jeshi liliingia na vifaru kwenye Hekalu la Dhahabu, hekalu kuu la Masingasinga mjini Amritsar, kuwatoa wapiganaji wa Kisingasinga waliotaka Punjab ijitenge, siku ambazo mahujaji walikuwa wamejaa ndani. Mamia walikufa, jengo la Akal Takht, kiti cha mamlaka ya dini hiyo, likabomolewa, na hasira ile ikazaa wapiganaji wengi kuliko waliouawa.

Mei 1988 ikafanyika kinyume chake. Tarehe 9 ofisa mwandamizi wa polisi wa serikali kuu alipigwa risasi ya taya nje ya hekalu. Badala ya kuvamia, vikosi viliwazingira wapiganaji waliokuwa ndani, vikakata umeme na maji, vikaweka walenga shabaha juu ya majengo marefu ya jirani. Ndani kuna bwawa takatifu, maji yanaonekana kabisa, lakini kutoka vyumbani hadi bwawani unavuka sakafu ya marumaru isiyo na kificho. Mei ya Punjab ni joto kali. Mchana hawathubutu kutoka, na kila siku kiu inazidi. Kufikia tarehe 18 watu wapatao 200 walikuwa wamejisalimisha, waliokufa ni kama 40. Waandishi wa habari waliruhusiwa kutazama, na hilo lilikuwa na uzito kama bunduki: hakuna aliyeweza kudai kwamba hekalu limebomolewa tena.

Mzani:
Daftari kaeleza vizuri, ila hiyo ni sehemu iliyofanyika mbele ya kamera. Ugomvi wote juu ya Gill uko kwenye kipindi cha pili, 1991 hadi 1995, ambacho kamera hazikukiona.

Uasi ulizimwa na mambo kadhaa yaliyokwenda pamoja: jeshi likatapakaa vijijini, uzio ukajengwa mpakani na Pakistan, polisi wakaanza kushika doria usiku, na wanavijiji wenyewe walishachoshwa na wapiganaji waliowatoza fedha. Uchaguzi wa jimbo wa Februari 1992 ulipata wapiga kura asilimia 24 hivi. Ule wa mabaraza ya vijiji Januari 1993 ulivuka asilimia 80. Anayempa Gill sifa zote anakosea.

Kasoro kubwa ni motisha. Wapiganaji waliwekewa bei, ofisa akimuua mmoja anapata fedha na cheo. Taarifa inaandikwa "ameuawa katika mapambano ya risasi", na atakayeichunguza ni polisi yule yule. Ukiongeza sheria ya ugaidi ya wakati huo, TADA, iliyokubali ungamo mbele ya ofisa wa polisi kuwa ushahidi, hakuna breki iliyobaki. (Sheria ya Ushahidi ya India ilikataza ungamo la aina hiyo. Sheria hiyo ndiyo iliyotumika Tanganyika pia, hadi Tanzania ilipotunga yake 1967.)

Kilichofichua mambo ni kuni. Jaswant Singh Khalra, mtetezi wa haki aliyekuwa akifanya kazi benki, alifuatilia madaftari ya maeneo ya kuchomea maiti. Polisi akileta maiti "isiyotambulika" lazima kuni zinunuliwe, na manunuzi yanaandikwa. Uchunguzi wa CBI, ofisi ya upelelezi ya serikali kuu, baadaye ulikuta maiti 2,097 zilizochomwa na polisi: 585 zilitambuliwa kikamilifu, 274 kwa sehemu, 1,238 hazikutambuliwa. Hayo ni maeneo matatu tu, ya wilaya moja, Amritsar.

Khalra alitekwa nyumbani kwake Septemba 6, 1995.

Mdadisi_Tanga:
Nashukuru sana. Gill mwenyewe alishtakiwa kwa hilo la Khalra?

Mzani:
Hapana. Walitiwa hatiani polisi wa ngazi za chini, 2005, na Mahakama ya Juu ikathibitisha vifungo vya maisha 2011. Gill hakufikishwa kizimbani. Kwangu hapo ndipo deni lilipo, maana mkuu ndiye aliyesimamia mfumo wa zawadi. Alifariki Mei 2017.

Wakili_wa_Mtaa:
Nijibu la kesi. Alitiwa hatiani kwa kumdhalilisha Rupan Deol Bajaj, ofisa mwandamizi wa utawala, kwa kumpiga kofi makalioni kwenye karamu Chandigarh, Julai 18, 1988. Polisi hawakulifanyia kazi lalamiko, na mwaka 1989 Mahakama Kuu ikalifuta. Mwaka huo huo Gill akatunukiwa nishani ya Padma Shri. Bajaj hakukata tamaa: Oktoba 1995 Mahakama ya Juu ilirudisha kesi, ikikataa hoja kwamba tendo lile ni dogo mno kuwa kosa. Januari 1996 Gill akahukumiwa miezi 3 jela na faini ya rupia 700. Kwenye rufaa hatia ilibaki, lakini jela ikageuzwa kuwa uangalizi, na Mahakama ya Juu ikaafiki 2005.

Ukisoma, anza na hukumu ile ya Oktoba 1995, Bajaj dhidi ya Gill. Inapatikana bure mtandaoni, na sehemu ya mwanzo inataja hatua kwa hatua nani alikaa kiti kipi.