KAWEKA KITUMBUA JUU YA BARUA YANGU YA LIKIZO BILA MALIPO!!!

Wakuu, naandika mikono inatetemeka, nimetoka ofisini kwa afisa utumishi sasa hivi. Simtaji. Mtumishi yeyote wa halmashauri anamjua: miwani kichwani, redio ya mpira mezani, salamu anaitikia bila kuinua uso.

Mama yangu kapata kiharusi. Yuko Newala, upande mzima hauna nguvu, analishwa na jirani. Mimi muuguzi huku Rukwa, mwaka wa 9 huu. Siku zangu 28 za likizo ya mwaka zimeishia kumgeuza kitandani. Nikaandika barua kuomba miezi 6 BILA MALIPO. Sijaomba hata shilingi!

Kaipokea, kailaza mezani, kafungua mfuko, KAWEKA KITUMBUA JUU YAKE. Juu ya jina la mama yangu! Mafuta yakatambaa mpaka kwenye saini ya mganga mfawidhi. Ndipo akasema, huku anatafuna: "Dada, wiki 2, mwisho. Ukizidisha, zikipita siku 5 wewe mtoro kazini, tunakufukuza. Kwani kwenu hakuna watu?"

Meza ile kubwa kama Uwanja wa Mkapa, kitumbua kikakosa pa kukaa!

Sheria ya kazi ya 2004 inanipa siku 4 za malipo mzazi akifariki. Kwa hiyo nimsubiri afe ndiyo niruhusiwe? Na foleni nzima inatazama. Kitumbua, jamani!

Baba Wawili: Pole dada. Huyo huyo aliniambia siku zangu 3 za mtoto kuzaliwa zimekwisha, kwa sababu mke alianza uchungu Ijumaa.

Chumvi Kidogo: Kitumbua cha mchele au cha ngano? Cha mchele hakinywi mafuta hivyo.

Mleta uzi: Cheka tu. Siku mama yako atakapolala hivyo utanikumbuka.

Karani Mstaafu: Likizo bila malipo si haki, ni ombi. Na miezi 6 bila mshahara maana yake hakuna 5% yako wala 15% ya mwajiri PSSSF, mfuko wetu wa pensheni. Deni la bodi ya mikopo nalo linakusubiri palepale.

Mleta uzi: Hayo yote nayajua mzee. Angekataa kwa mdomo mtupu nisingelia. Kaifanya sahani!

Mke wa Mbali: Wewe barua yako imeguswa. Mimi ombi la uhamisho kumfuata mume liko kwenye mfumo tangu masika ya mwaka jana, hakuna aliyelifungua.

Chumvi Kidogo: Mume mwenyewe bado anakusubiri?

Mke wa Mbali: Mshenzi wewe.

Karani Mstaafu: Mnalilia likizo, ngojeni kikokotoo, ile hesabu ya mafao ya mkupuo ukistaafu. Tulikuwa 50%, 2022 wakatushusha 33%, 2024 wakapandisha 40%. Asilimia 10 zangu ziko wapi?

Baba Wawili: Mzee fungua uzi wako.

Karani Mstaafu: Niliufungua. Mkauza humo kuku wa kienyeji.