Santo Domingo kwa siku moja: basi la watalii, gari la kukodi au tujipeleke wenyewe?

Mzee wa Gaithersburg
Wakuu, habari za humu. Mimi na familia tuna safari ya Jamhuri ya Dominika mwezi ujao, tunashukia Punta Cana. Hoteli ni zile za kulipa mara moja kisha unakula mpaka basi, lakini najijua, siku ya tatu ya kulala ufukweni nitaanza kugombana na watu. Nataka siku moja tukaone mji mkongwe wa Santo Domingo. Nimepata njia tatu:

1. Basi la watalii. Wanakufuata hotelini, kiongozi na chakula cha mchana humo humo, dola 85 kwa kichwa.
2. Gari binafsi na dereva anayejua historia, dola 320 gari zima.
3. Basi la abiria la kawaida, tukifika tutafute kiongozi pale pale.

Waliowahi kwenda, ipi ina maana? Nataka kulipia leo usiku, ile bei ya basi inaisha.

Nungwi_77
Hiyo "bei inaisha" ipo tangu sijazaliwa. Tulia kwanza. Mleta mada hujasema mko wangapi. Hujasema siku gani. Hujasema kama kuna watoto. Sasa tukujibu nini?

Dada wa Kinondoni
Na hoteli iko wapi hasa? Punta Cana watu wanaliita eneo refu mno. Mkiwa kule Uvero Alto mtaamka saa ya daku.

Baharia Mstaafu
Namba 3, usifikirie mara mbili. Kutoka Bávaro, hapo hapo upande wa Punta Cana, kuna mabasi makubwa ya abiria, kiyoyozi kinagandisha (beba sweta, si utani), lami tupu, kama kilomita 200, saa mbili na nusu hadi tatu umefika. Nauli haifiki dola 10. Ukishuka chukua teksi mpaka Parque Colón. Mbele ya kanisa kuu utawakuta viongozi wana kitambulisho cha Wizara ya Utalii shingoni. Asiye nacho ni papasi tu, kama wale wa Forodhani, mpite. Patana bei, saa na lugha kabla hamjainua mguu.

Mji wenyewe unatembeleka. Anzia ngome ya Ozama, panda na Calle Las Damas, ile wanayosema ndiyo barabara ya kwanza kusakafiwa mawe katika Amerika yote, utokee Plaza de España. Njiani kuna saa ya jua ya mwaka 1753, imesimamishwa mkabala na madirisha ya ofisi za serikali ya Wahispania ili wakubwa wasome saa bila kuinuka kwenye viti. Mimi nilikaa pale robo saa nikingoja kivuli kisogee. Basi la watalii halikupi robo saa hiyo.

Mama Zawadi
Ngoja niwape ya kwangu, asije mtu akasema hakuambiwa.

Mwaka juzi tulikuwa wanne, tukanunua hiyo ya basi kwenye meza ya pale hotelini. Tukaambiwa saa 12 kasorobo tuwe getini. Basi likaja saa 12 na nusu. Sawa, nimezaliwa Tanga, kungoja nimezoea. Kumbe sisi ndio abiria wa kwanza! Tumezungushwa hoteli moja baada ya nyingine kuchukua watu, na saa 2 kasoro tukapita tena mbele ya geti letu. Mume wangu akampungia mlinzi mkono.

Kiongozi mmoja, lugha nne: Kihispania, Kiingereza, Kifaransa na Kirusi. Kwa Kihispania anaongea dakika tano, watu wanacheka mpaka wanapigana mabega. Kwa Kiingereza: "Hayo ni mashamba ya miwa." Basi.

Njiani tukasimama "kujisaidia". Choo kiko nyuma ya duka, huwezi kukifika bila kulipita duka lote. Tulipoingia mjini kituo cha kwanza nacho duka, la kaharabu (ule utomvu wa miti ya kale ulioganda ukawa kama jiwe), sigara na rumu. Dakika 50, nilikuwa naangalia saa. Alcázar de Colón, lile jumba la Diego mtoto wa Columbus, tukapewa dakika 25 kwa ghorofa mbili, tunakimbizana kwenye ngazi kama tunazima moto.

Sasa kanisa kuu. Kijana wangu kavaa kaptura, mlinzi akamgomea mlangoni. Magoti na mabega yafunikwe, na tangu asubuhi katika zile lugha nne hakuna iliyotuambia. Nikavua khanga niliyojitanda nikamfunga kiunoni. Ndivyo alivyoingia kwenye kanisa kuu la kwanza la Amerika, "Wema hauozi" imemkaa makalioni. Picha ninayo.

Chakula kilikuwa kizuri, sina neno. Wali, maharage, kuku na ndizi za kukaanga, wenyewe wanaita bendera. Hotelini tumerudi saa 4 usiku, mtoto wa pili kalala viatuni.

Nungwi_77
"Wema hauozi" mlangoni kwa Columbus 😂😂 Weka picha.

Kijana wa Ubungo
Pole mama, lakini hiyo ni kampuni mbovu, usiwachafue wote. Mimi nilikwenda na basi dogo, tulikuwa 14, lugha mbili, duka moja dakika 15. Uliza mambo matatu kabla hujalipa: mko wangapi, lugha ngapi, maduka mangapi. Wakisita kujibu, achana nao.

Na hakikisha wanapita Faro a Colón, ndiko Columbus alikozikwa.

Mwalimu Mkwawa
Alikozikwa? Columbus yuko Sevilla, Hispania.

Kijana wa Ubungo
Mwalimu, nimeliona kaburi kwa macho yangu, na askari pembeni.

Mwalimu Mkwawa
Umeona sanduku. Sikiliza. Amekufa Hispania 1506. Baadaye mifupa ikaletwa Santo Domingo, ikawekwa ndani ya kanisa kuu. Mwaka 1795 Hispania ilipowaachia Wafaransa upande ule wa kisiwa, wakafukua mifupa waliyoamini ni yake wakaipeleka Havana. Cuba ilipowaponyoka 1898, ikahamishiwa Sevilla. Tatizo ni kwamba 1877 mafundi waliokuwa wakitengeneza lile kanisa kuu walikuta sanduku la madini ya risasi lenye jina lake. Ndipo Wadominika wakasema waliochukua walichukua mfu mwingine. Mifupa ya Sevilla imepimwa vinasaba na wataalamu wa Hispania wanasema ni yeye. Ya Santo Domingo wenyewe hawajaruhusu ipimwe.

Dada wa Kinondoni
Inawezekana kagawanywa. Na kule wengine hata jina lake hawataki kulitamka, wanasema lina nuksi.

Baharia Mstaafu
Hilo jengo la Faro lenyewe ni zege tupu la 1992, umbo la msalaba, liko ng'ambo ya mto Ozama, mbali na mji mkongwe. Ukiwa na siku moja, lipite tu.

Nyali Moja
Mimi wa Mombasa kilichonishika ni ukuta. Ngome ya Ozama ilimalizika 1508, Fort Jesus ilianzwa 1593, lakini weka kiganja kwenye jiwe na ufumbe macho, ni ukuta mmoja. Mawe ya matumbawe, unaona mpaka chembe za kombe. Nilisimama pale nikamwambia mke wangu, hawa watu walikuwa na ramani moja ya kwenda kusumbua watu. Halafu nao wakasumbuliwa: Francis Drake, yule haramia wa Kiingereza, aliingia 1586, akaketi karibu mwezi mzima akichoma nyumba kidogo kidogo mpaka wakamlipa dukati 25,000, sarafu za dhahabu, aondoke.

Mwalimu Mkwawa
Mtaje na ambalo viongozi wengi hawalitaji. Mwaka 1521, wakati wa Krismasi, Waafrika waliokuwa watumwa katika shamba la miwa la huyo huyo Diego mwenye Alcázar waliinuka, wengi wao Wawolofu, watu wa Afrika Magharibi. Ndiyo maasi ya kwanza ya watumwa wa Kiafrika kuandikwa katika Amerika. Kwenye jumba utaoneshwa viti na mazulia. Ukiwa na kiongozi wako mwenyewe muulize habari ya shamba, uone kama anaijua. Kisha mwambie akupeleke kwa Montesinos, padri aliyewasema walowezi kanisani 1511 kwa walivyowatenda Wataino, wenyeji wa kisiwa. Sanamu lake liko kando ya bahari, kubwa, kiganja kando ya mdomo kama mtu anayemwita mvuvi.

Nungwi_77
Uzi umekuwa darasa. Mleta mada uko wapi?

Mzee wa Gaithersburg
Nipo wakuu, nilikuwa kazini. Asanteni. Tuko watano: mimi, mke, watoto wa miaka 6 na 11, na mama yangu mzazi miaka 71, magoti yanamsumbua. Siku tuliyo nayo wazi ni Jumatatu. Hoteli iko Bayahibe.

Dada wa Kinondoni
BAYAHIBE! Na uliandika Punta Cana!

Mzee wa Gaithersburg
Niliandika tunashukia Punta Cana, dada. Uwanja wa ndege uko huko.

Baharia Mstaafu
Basi ushauri wangu wa basi la Bávaro ufute. Bayahibe uko karibu zaidi na Santo Domingo, kwa gari kama saa moja na nusu hadi mbili. Na hizo bei zako ni za kutoka Punta Cana au Bayahibe? Uliza upya.

Nungwi_77
Watu watano mara 85 ni 425. Gari zima 320. Ungetuambia mapema tungekuwa tumelala.

Mama Zawadi
Jumatatu?? Alcázar inafungwa Jumatatu. Casas Reales, zile ofisi za Wahispania zenye saa ya jua mbele, nayo. Na hao wa basi watakuuzia hiyo Jumatatu na wasiseme neno.

Kijana wa Ubungo
Jumatatu si mbaya kihivyo. Barabara hazifungwi. Calle El Conde ipo, Parque Colón ipo, magofu ya hospitali ya San Nicolás unayaona ukiwa nje. Na watu ni wachache.

Mama Zawadi
Kwa hiyo alipe mamia ya dola akaone milango iliyofungwa?

Papa Lushois
Jambo ndugu. Miye niko Montréal, tulikwenda na mama mukwe. Tulikamata gari ya peke yetu, na dereva anasema Kifaransa. Kwa muzee hakuna kingine. Anachoka, gari iko pale. Anataka maji, tunasimama. Lakini Los Tres Ojos usimupeleke chini. Ni pango zenye maziwa, maji ya kijani, nzuri sana, lakini ngazi ni nyingi na zinateleza. Mama mukwe alibaki juu na akanunua chinola ya baridi, karakara ile. Sisi tulishuka, tukavuka ziwa kwa mashua ya kuvutwa na kamba. Kurudi tukamukuta anacheka na wauzaji, Kihispania hajui hata neno.

Nyali Moja
Gari basi. Na mawe ya mitaa ile si sawasawa, mama avae raba, si kandambili.

Bi Shamsa
Samahani naingilia. Mama Zawadi, ile kaharabu mlinunua? Dada yangu kaletewa kidani kutoka huko, nataka kujua kama ni yenyewe.

Mama Zawadi
Nilinunua hereni tu. Koroga chumvi nyingi kwenye glasi ya maji, itumbukize. Kaharabu huelea, kioo huzama. Usitumbukize yenye fedha, itazama na fedha yake ukadhani umepigwa.

Bi Shamsa
Ina fedha 😩

Dada wa Kinondoni
Bora larimari, lile jiwe la samawati, duniani linachimbwa huko tu.

Nungwi_77
Na lenyewe la bandia limejaa. Rudini kwenye mada jamani. Mleta mada umelipia?

Mzee wa Gaithersburg
Sijalipia. Nimemwandikia mwenye gari, anasema kutoka Bayahibe ni 260, ila Jumatatu hiyo kiongozi wake mzoefu hayupo, atakuja mdogo wake. Tena mke wangu amesoma uzi huu mwanzo hadi mwisho. Anasema ikiwa majumba yamefungwa, na boti za kisiwa cha Saona zinaondokea hapo hapo Bayahibe, safari ya saa mbili kwenda kuona milango ya nini? Mama naye anasema yeye anataka kanisa, hayo mengine tutajua wenyewe. Nimekaa katikati.

Hivi Saona, ni bora boti ya kasi au katamarani, ile ya mitumbwi miwili?

Baharia Mstaafu
Wengi hukupeleka kwa moja na kukurudisha kwa nyingine. Boti ya kasi inarusha, utakaa umeshika kofia kwa mikono miwili. Katamarani ni polepole, ina kivuli na muziki, kelele tele.

Nungwi_77
Mama mwenye magoti, kwenye boti inayorusha. Mleta mada, bibi anaweza bahari au hawezi? Maana na hilo hujasema.