Ninahamia iPhone kutoka Android: gemu nilizozilipia nitahama nazo vipi?

Mwalimu wa Sakina:

Habari zenu wanajukwaa. Ninaomba ushauri kwa yeyote aliyewahi kuhama kutoka mfumo mmoja wa simu kwenda mwingine akiwa na gemu alizozinunua, kwa sababu maelezo ninayopewa madukani hapa Arusha yanapingana.

Kwa miaka kadhaa familia yetu imetumia simu moja ya Android, na kwa akaunti yangu ya Google nimewanunulia wanangu gemu kadhaa kwa kadi ya benki. Sasa kaka yangu ameniachia iPhone yake, na ile ya zamani nimekusudia kumpelekea mama mkwe wangu Machame, ambaye simu yake ya vitufe imechoka. Kabla ya kuitoa ninataka kujua hatima ya Minecraft, ambamo binti yangu amejenga mji mzima wenye soko na reli. Ya Stardew Valley, ambayo ni yangu mwenyewe na huicheza nikimaliza kusahihisha madaftari. Ya Clash of Clans, ambayo kijana wangu mkubwa tumemlipia vito mara kwa mara. Na ya gemu ndogo ya mafumbo ya maneno, ambayo tuliilipia ili matangazo yaondoke.

Muuzaji mmoja ameniambia kwamba nikiingia kwa barua pepe ileile kila kitu kitarudi. Mwingine amesema kwamba vyote vimeshapotea na hakuna la kufanya. Sipendi kulipia mara ya pili kitu ambacho tayari ni changu, na zaidi ya hapo sitaki binti yangu apoteze kazi yake. Nianze na lipi?

Msimbo Pasua:

Shikamoo mwalimu. Ninaandika programu za simu hapa Moshi, kwa hiyo nitajaribu kueleza kwa nini wauzaji wote wawili wamekupa nusu ya jibu.

Unapolipia gemu kwenye Google Play, unachopata ni ruhusa ya kuitumia, na ruhusa hiyo imeandikwa kwenye akaunti yako ya Google katika duka lile. App Store ya Apple ina kumbukumbu zake za wateja, na maduka haya mawili hayapashani habari, hata kama umetumia barua pepe moja kufungua akaunti zote mbili. Isitoshe, faili lenyewe ni tofauti: gemu ya Android huja kama APK, ambayo iPhone haiwezi kuifungua, hata pale ambapo mtunzi ametumia zana kama Unity inayomwezesha kutoa matoleo yote mawili kutokana na kazi moja. Kwa hiyo Minecraft na Stardew Valley, ambazo hulipiwa kabla ya kupakuliwa, utalazimika kuzinunua upya. Ninajua jibu hili linauma, lakini ni afadhali ulipate sasa kuliko simu ikiwa imeshafika Machame.

Gemu yenye akaunti zake yenyewe ni habari nyingine. Clash of Clans hutunza kijiji chenu kwenye seva za Supercell, kampuni ya Helsinki, wala si ndani ya simu. Kijana afungue gemu kwenye simu ya zamani, aende kwenye mipangilio na kuunganisha kijiji na Supercell ID kwa barua pepe ambayo bado mnaweza kuisoma, kisha kwenye iPhone aingie kwa barua pepe hiyo na kuandika msimbo wa tarakimu 6 atakaotumiwa. Kijiji kitakuja kama kilivyo, pamoja na vito vilivyobaki. Msidhani, hata hivyo, kwamba kila gemu yenye akaunti ina ukarimu huo. Zipo gemu, hasa za baadhi ya kampuni za Kijapani, ambazo hukubali kuhamisha maendeleo ya mchezaji lakini sarafu zilizonunuliwa kwa pesa halisi huziacha upande zilikonunuliwa; kwa gemu za namna hiyo mtu hutumia sarafu zote kwanza, ndipo ahame.

Kuhusu mafumbo ya maneno, kile kitufe cha kurejesha manunuzi kitakuvunja moyo, kwa sababu huliuliza duka la simu uliyoishika tu, na App Store haina kumbukumbu yoyote ya malipo yako ya Google. Hapo ninakushauri umwandikie mtunzi kwa heshima na umwambatanishie risiti ya Google Play, ile yenye namba inayoanza na herufi GPA. Halazimiki kukusaidia, lakini Apple huwapa watunzi misimbo ya kutoa nakala bila malipo, na mtunzi mdogo anayesoma barua zake mwenyewe mara nyingi huguswa na mteja aliyemlipa kwa hiari.

Mkazi wa Kaloleni:

Mwalimu, mbona kuna njia fupi? Mafundi wengi hapa mjini wana akaunti za Apple ambazo tayari zina gemu za kulipia. Unampa iPhone, anaingiza akaunti yake, anakupakulia Minecraft na nyingine unazotaka kwa malipo madogo, na unaondoka nazo. Jirani yangu alifanyiwa hivyo na gemu zinafanya kazi hadi leo.

Fundi Mianzini:

Mwalimu, mimi ni fundi simu na ninakusihi usikubali jambo hilo. Simsemi vibaya ndugu yangu wa Kaloleni, kwa kuwa ni kweli gemu zitafunguka siku hiyo. Tatizo huja baadaye, na watu hulileta kwenye meza yangu wakiwa wamechelewa.

Gemu iliyopakuliwa kwa akaunti ya fundi ni mali ya akaunti ya fundi. Siku itakapohitaji kuboreshwa, simu itadai nywila yake, na usipompata utabaki na toleo la zamani hadi liache kufanya kazi. Hilo bado ni dogo. Kubwa ni kwamba wengi huingiza akaunti hiyo kwenye mipangilio ya simu nzima badala ya kuiweka kwenye duka la programu peke yake, na hapo picha zako, namba za watu wako na nakala za kumbukumbu zako huanza kupanda kwenye iCloud, yaani hifadhi ya mtandaoni ya Apple, ya mtu usiyemjua. Anaweza pia kuitangaza simu hiyo kuwa imepotea na kuifunga akiwa mbali. Tangu iOS 7 ya mwaka 2013, iPhone ina kufuli linaloitwa Activation Lock, ambalo haliondoki hata simu ikifutwa yote, mpaka nywila ya mwenye akaunti iandikwe. Mteja mwenye iPhone iliyofungwa namna hiyo huniomba niifungue, na mimi sina la kumfanyia zaidi ya kumwambia amtafute aliyeingiza akaunti.

Kwa sababu hiyohiyo, hakikisha kaka yako ameondoa akaunti yake mwenyewe kabla hujaanza kuitumia. Aingie kwenye mipangilio, azime Find My (huduma ya kutafuta simu iliyopotea), atoke kwenye iCloud, ndipo simu ifutwe. Baada ya hapo fungua akaunti yako ya Apple ukichagua Tanzania kama nchi yako. Unaweza kuanza bila kuweka kadi yoyote ikiwa unapakua gemu za bure tu, na kadi ya Visa au Mastercard ukaiongeza siku ya kununua. Usinunue kadi za zawadi za Apple za Marekani zinazouzwa mitandaoni, kwa kuwa hazikubaliki kwenye akaunti ya nchi nyingine.

Na simu ya bibi Machame nayo ina kufuli lake. Tangu Android 5.1, simu ikifutwa kwa nguvu huku akaunti ya Google ikiwa bado imo, ikiwashwa tena itadai akaunti ileile. Toa akaunti yako kwanza kupitia mipangilio, kisha uirudishe simu katika hali ya kiwandani. Usimpelekee mzee simu itakayomwomba nywila asiyoijua.

Baba wa Rau:

Naomba nizungumzie ule mji wa binti, kwa sababu ndio usio na mbadala dukani. Dunia ya Minecraft kwenye simu huhifadhiwa ndani ya simu yenyewe. Kuingia kwa akaunti ya Microsoft hakuihamishi, ingawa wengi huamini hivyo. Kinachokuja na akaunti ni vile vilivyonunuliwa kwenye soko la ndani ya gemu, kama mavazi ya mhusika. Kwa hiyo hata ukinunua Minecraft upya kwenye iPhone, kwa takriban dola 7 za Marekani, binti atakuta orodha ya dunia ikiwa tupu.

Dawa yake ni kufungua gemu kwenye Android, kwenda kwenye orodha ya dunia, kubonyeza alama ya kalamu pembeni ya dunia yake, kushuka hadi chini kabisa na kuchagua Export World. Litatoka faili lenye mwisho wa .mcworld. Lipakie kwenye Google Drive, lifungue kutoka kwenye iPhone ambayo tayari ina Minecraft, nalo litaingia lenyewe. Minecraft ya Android na ya iPhone ni toleo moja linaloitwa Bedrock, ndiyo maana faili hilo linakubalika pande zote mbili. Mwache binti mwenyewe atembee mle ndani, afungue makasha yake na kuikagua reli, kabla hujafuta chochote upande wa pili. Na faili lile libaki Drive hata baada ya kuhama.

Mwalimu wa Sakina:

Marahaba Msimbo, na ninawashukuru sana nyote. Fundi, nimempigia kaka na ataondoa akaunti yake mwenyewe. Wazo la kutumia akaunti ya mtu mwingine nimeliacha kabisa. Minecraft nitainunua tena, kwa kuwa mji wa mtoto una thamani kubwa kuliko dola 7.

Nina maswali mawili yaliyobaki. Nimesikia kuna programu ya Apple inayohamisha kila kitu kutoka Android. Je, nayo haisaidii kwenye gemu? Na shamba langu la Stardew Valley nalo lina njia kama ile ya mji wa binti?

Msimbo Pasua:

Programu hiyo inaitwa Move to iOS, na Apple waliitoa mwaka 2015. Inafaa sana kwa namba za simu, ujumbe, picha na hata WhatsApp, na hutumika wakati iPhone inapoandaliwa upya, kwa hiyo usimalize kuiandaa kabla ya kuitumia. Kwa upande wa programu, hutafuta zile za bure zinazopatikana kwenye maduka yote mawili na kukuwezesha kuzipakua. Za kulipia haizihamishi, na hata hizo za bure huja tupu, bila maendeleo yaliyokuwa ndani yake.

Stardew Valley ni ngumu zaidi. Shamba limo ndani ya simu na gemu haina kitufe cha kulitoa kama Minecraft. Mtu anaweza kunakili folda ya shamba kwa kompyuta kutoka simu moja hadi nyingine, lakini tangu Android 11 folda za data za programu zimefungwa zaidi kuliko zamani, na kazi hiyo inataka subira pamoja na mtu aliyezoea. Ukiwa na mtu wa namna hiyo karibu, jaribuni kabla simu haijafutwa.

Dada wa Ngaramtoni:

Mimi ninaona tumekubali mapema mno kwamba mwalimu alipe tena. Amenunua kwa pesa halali, na ni haki kusema waziwazi kwamba utaratibu huu unamwonea mnunuzi, hasa mnunuzi wa kwetu ambaye dola 7 kwake si pesa ya kuokota. Nilifuatilia kesi ambayo kampuni ya gemu ya Epic Games waliifungua dhidi ya Apple mwaka 2020 nikitumaini kwamba jambo hili litaguswa. Kesi ile ilihusu tozo ya asilimia 30 ambayo Apple waliwakata watunzi na njia za kulipia; haikumpa mchezaji haki ya kuhama na alichokinunua. Ninapenda wasomaji walijue hili kabla ya kuweka pesa nyingi kwenye duka lolote kati ya haya mawili.

Kwa leo, mwalimu, nina pendekezo. Ulichonunua Google Play bado ni chako kwenye kifaa chochote cha Android ukiingia kwa akaunti yako. Je, bibi hawezi kutafutiwa simu nyingine ya bei nafuu, hii ikabaki nyumbani bila laini, ikitumia Wi-Fi, iwe ya gemu tu? Stardew Valley haihitaji hata intaneti.

Mwalimu wa Sakina:

Dada, hilo sikulifikiria, na mume wangu amelipokea vizuri. Tutamnunulia mama simu ndogo mpya, na hii ya zamani itabaki nyumbani. Clash of Clans na mji wa binti vitahamia iPhone, shamba langu litabaki lilipo, na mtunzi wa mafumbo nitamwandikia leo jioni nikiwa na risiti. Jambo moja la mwisho: tuna gemu ya hesabu ambayo hulipiwa kila mwezi kupitia Google Play. Nikiifuta kwenye simu, malipo yatakoma?

Fundi Mianzini:

Hapana mwalimu, kufuta gemu hakusitishi malipo, na iPhone haitakuonyesha malipo hayo popote. Ingia Google Play kwa akaunti yako, gusa picha yako juu, nenda kwenye malipo na usajili, kisha uusitishe huko. Gemu itaendelea kufunguka hadi mwisho wa kipindi ulichokwisha kukilipia, kwa hiyo huna sababu ya kusubiri tarehe ikaribie.