Wali mweusi wa Kikuba (moros y cristianos) bila nguruwe: maji ya maharage yamwagwe au yabaki?

Mama Ilham, Unguja

Asalaam alaykum wapenzi wa jikoni. Natafuta mtu aliyewahi kuishi Cuba au kupika na Wakuba, anisaidie.

Wodini kwetu tulikuwa na daktari wa Kikuba, mama mtu mzima, mpole sana kwa wagonjwa. Akiwa na zamu ya Jumapili alikuwa akija na bakuli kubwa la wali mweusi uliopikwa pamoja na maharage. Wali umechambuka punje mojamoja, maharage mazima hayajapasuka, na harufu yake huisikii kwenye pilau wala kwenye biriani. Kwao wanatia mafuta ya nguruwe, lakini sisi alitupikia kwa mafuta ya kawaida, na sufuria yake alinunua mpya kwa ajili yetu. Mkataba wake umekwisha, amesharudi kwao, na namba yake haipatikani tena. Wanangu wameuzoea ule wali, wanauulizia kila wiki.

Nimepata maharage meusi madogo, lakini kuna muuzaji anasema njahi ni yaleyale. Mama mkwe wangu anasisitiza maji ya kuroweka yamwagwe kwa sababu ya gesi, na nitie magadi kidogo yaive upesi. Je, ndivyo wanavyofanya? Na nguruwe akiondoka, ile ladha nzito inatoka wapi? Nataka niupike Ijumaa, inshallah, tukiwa na wageni.

Shangazi wa Pangani

Mwanangu, mbona huo ni mseto? Sisi mseto wa choroko tunapika tangu enzi za bibi zetu. Chemsha maharage yako mpaka yalainike, tia mchele, tia tui zito, funika, palia makaa. Hakuna haja ya nguruwe wala ya kumtafuta daktari. Njahi pia weka tu, maharage ni maharage.

Haji wa Matanzas

Shangazi, shikamoo. Mseto wako naupenda na nikifika Pangani nitabisha hodi, lakini huu ni wali mwingine kabisa. Kwenye mseto nafaka zinashikana, na ndiyo sifa yake. Moros y cristianos ukishikana umeharibika. Tui nalo hapa halina nafasi. Wakuba wa Baracoa, kule mashariki kabisa ya kisiwa, wanapika samaki kwa tui la nazi kama sisi, ila huu wali wa maharage meusi wa Havana na Matanzas hauna nazi, na ukitia utafunika kila kitu.

Mama Ilham, wa alaykum salaam. Nilisoma udaktari Matanzas, mji wa bandari ulioko mashariki ya Havana, na siku za mapumziko nilikuwa nakula kwa bibi mmoja jirani na bweni letu. Kwa hiyo nakuandikia nilichokiona kwa macho kwenye meza yake.

Jambo la kwanza, na ukishika hili tu umemaliza nusu ya kazi: maji ya maharage ndiyo chakula chenyewe. Usiyamwage, ya kuroweka wala ya kuchemshia. Wali ule hauivi kwa maji ya bomba, unaiva kwa supu ya maharage. Nyeusi yake, uzito wake, ladha ile unayoiulizia, yote imo mle. Mchele na maharage Cuba vimo kwenye daftari la mgawo wa chakula wa serikali lililoanza 1962, na familia inajua mwezi huu imepata nini na nini hakijaja. Nyumba niliyokula mimi, miezi ambayo mafuta ya nguruwe hayakuwepo, wali ulipikwa kwa mafuta ya kula na ulikuwa mtamu vilevile. Kwa hiyo usihofu kwamba unapika nusu ya chakula kwa sababu ya dini yako.

Njahi usitumie. Ile ni mbegu ya jamii nyingine, ina mstari mweupe ubavuni, ganda lake gumu na harufu yake haiendani na viungo hivi. Chukua hayo meusi madogo, yenye ganda jeusi tii.

Uchambuaji wake ulinifurahisha kuutazama. Bibi alimwaga maharage juu ya meza, akaweka bakuli mapajani chini ya ukingo wa meza, redio inasema. Kidole kimoja kinavuta zima linadondoka bakulini, jingine linafuata. Lililotobolewa na mdudu, lililokunjamana, kijiwe, vyote vinabaki mezani kwenye kirundo kidogo. Hakuharakisha hata siku moja. Aliniambia lililokunjamana ni la zamani, haliivi hata ulipike mpaka kesho, na meno ya wageni ndiyo yatakayolikuta.

Vipimo: kikombe kimoja cha maharage kwa vikombe viwili vya mchele, kikombe hichohicho kwa kila kitu. Osha maharage, kisha roweka usiku kucha kwenye vikombe sita vya maji. Asubuhi maji yatakuwa yamegeuka zambarau iliyokoza. Bandika hivyohivyo, tia nusu ya pilipili boga (Bara wanaita hoho) na jani moja la yale makavu ya bay yanayouzwa pamoja na viungo vya pilau. Chumvi bado, siki bado, nyanya haimo kabisa. Vitu vichachu vikitangulia, maharage yanagoma kulainika. Kwa sufuria ya kawaida ni saa moja mpaka saa moja na nusu. Kwa presha anza kuangalia baada ya dakika 12, na uiache itoe mvuke yenyewe, maana ukiifungua kwa kishindo maganda yanapasuka. Bibi alikuwa na presha ya umeme, zile ambazo serikali ilisambaza majumbani miaka ya 2005 na 2006, na hakuiruhusu ikimbie. Chukua moja, libonyeze kwa kidole gumba na cha shahada. Likibonyea kwa upole na ganda likabaki zima, epua. Likisagika, umechelewa kwa wali huu.

Sasa magadi. Hapa namheshimu mama mkwe, lakini usitie. Rangi ya maharage meusi iko kwenye ganda na inayeyuka kwenye maji, na rangi hiyo inageuka kufuatana na ukali wa maji. Ikikutana na magadi inakwenda kwenye bluu na kijivu, wali unatoka rangi ya jivu, na maganda yanachanika. Ikikutana na siki kidogo inakoza na kuelekea wekundu. Ndiyo maana wao hutia kijiko kimoja cha siki, au divai ya kupikia, ila sisi siki inatosha. Kama maji yako ni ya kisima, na visima vingi vya Unguja viko kwenye mawe ya matumbawe, maji yana chokaa nyingi na maharage yatachukua muda mrefu zaidi. Tumia ya mvua ukiwa nayo. Suala la gesi ni kweli, kumwaga maji kunapunguza kidogo, lakini unamwaga na rangi pia. Mimi nisingemwaga.

Chuja maharage, supu iweke pembeni. Kwenye sufuria nzito pasha vijiko vinne vya mafuta. Kaanga kitunguu maji kimoja kikubwa na nusu ya pilipili boga iliyobaki, vyote vimekatwa vidogo sana, moto wa wastani, mpaka vilegee kabisa bila kuungua. Kisha thomu (Bara, kitunguu saumu), punje tano au sita zilizotwangwa na chumvi, pamoja na kijiko kidogo kisichojaa cha uzile (Bara, bizari nyembamba) uliosagwa na oregano kavu kiasi hichohicho. Ikinukia tu, tia mchele uliooshwa na kuchujwa mpaka ukakauka, geuza kwa mwiko dakika mbili tatu hadi kila punje ing'ae. Hapo ndipo mchele unapojifunga usishikane. Halafu maharage, vikombe vitatu vya supu, ile siki, na chumvi. Onja supu sasa: iwe na chumvi kuzidi kidogo unavyopenda, mchele utaimeza. Moto mkali bila kufunika mpaka supu ishuke usawa wa mchele na uone vishimo juu, geuza mara moja tu kutoka chini, funika, moto mdogo kabisa dakika 20. Ukiepua usifunue dakika 10. Baadaye chambua kwa uma, usitumie mwiko.

Harufu ambayo huisikii kwenye pilau naijua ilipo. Wakuba wana pilipili ndogo iitwayo ají cachucha, ina umbo la kofia, haiwashi hata kidogo lakini inanukia nyumba nzima. Ni jamii moja na pilipili mbuzi zetu. Chukua pilipili mbuzi moja nzima, yenye kikonyo, isiwe na mpasuko, iweke juu ya wali unapofunika na uitoe kabla hujachambua. Ikae nzima! Ikipasuka, wali unawasha na hapo Ukuba umeisha, maana wao pilipili kali hawali.

Mama Ilham, Unguja

Haji, Mungu akulipe. Ile harufu sasa nimeijua, kwa kweli daktari alikuwa akituomba pilipili mbuzi na sisi tukashangaa mbona wali wake hauwashi.

Nina mchele wa Kyela na basmati, nipike upi? Jiko langu la gesi limebaki plate moja, kwa hiyo wali utakuwa kwenye mkaa. Na hao wageni ni kama 20.

Nesi wa Tampa

Habari za huko. Mimi ni Mkenya, niko Florida, jirani zangu wa ukuta kwa ukuta wanatoka Santiago de Cuba. Wao maharage wanayotumia ni mekundu na wali wanauita congrí. Wananiambia upande wa mashariki ndivyo ulivyo, na wanaunasibisha na watu waliovuka kutoka Haiti wakati wa mapinduzi ya kule. Hatua ni zilezile alizoandika Haji. Nawasihi tu jambo moja: mekundu msiyapike kwa moto wa pole kuanzia mwanzo. Lazima yatokote kwa nguvu walau dakika 10, maana yakiwa mabichi yana sumu inayotapisha. Kwenye presha hakuna shida.

Asiyepata maharage makavu atumie ya kopo, ila maji ya kopo yaingie kwenye kipimo cha supu, na chumvi apunguze.

Haji wa Matanzas

Nesi, asante, hilo la mekundu ni muhimu sana.

Mama Ilham, pika basmati. Kyela ni mtamu lakini ni laini na una harufu yake mwenyewe, utabishana na uzile. Basmati hunywa kidogo, kwa hiyo vikombe viwili vya mchele tia supu vikombe viwili na nusu, si vitatu. Ukiuroweka kabla, punguza tena kidogo.

Mkaa ni mzuri kuliko gesi. Supu ikishakauka usawa wa mchele, punguza makaa chini ubakishe machache na mengine palia juu ya mfuniko, kama unavyofanya wali wa nazi. Utapata na matandu (ukoko) chini. Bibi wa Matanzas aliyakwangua akawagawia watoto, na watu wazima tuligombea.

Kwa watu 20, ukiwa na vyakula vingine, kilo mbili za mchele na kilo moja ya maharage zinatosha. Usipike kwenye sufuria moja. Gawa mbili, kwa sababu mchele wa chini utalemewa na kuwa bokoboko kabla wa juu haujaiva. Na usizidishe supu kwa hesabu ya moja kwa moja, sufuria kubwa haipotezi mvuke kwa kadiri ileile mchele unavyoongezeka. Anza na pungufu, nyingine iwe ya moto pembeni, unyunyize ikihitajika. Maharage chemsha Alhamisi usiku, yalale ndani ya supu yake kwenye friji, yatazidi kukoza. Wali ukibaki, usiuache nje mpaka jioni, uingie kwenye friji mapema.

Pembeni weka nyama ya ng'ombe iliyochemshwa na kuchambuliwa nyuzi, ikarudiwa kwenye kitunguu na pilipili boga, hiyo ni ropa vieja na haina shida yoyote kwetu. Ndizi mbivu za kukaanga. Na muhogo wa kuchemsha: pasha mafuta, tia thomu nyingi iliyotwangwa, epua kabla haijabadilika rangi, kamulia danzi, mwagia muhogo ukiwa bado wa moto. Wao wanatumia chungwa chungu lilelile. Ukilikosa, changanya ndimu na chungwa la kawaida.